Siagi ya Wakulima wa Anand na Funzo Lake Kwetu

Mtu anapochukua kisu asubuhi na kupaka siagi juu ya kipande cha mkate, ni mara chache sana kwake kujiuliza siagi ile imetoka wapi, na fedha aliyoitoa dukani imekwenda kuishia mfukoni mwa nani. Yeye huujua utamu wake tu. Lakini kila kilo moja ya siagi ni maziwa mengi yaliyokamuliwa na mikono ya watu. Ng'ombe wa kawaida, ambaye maziwa yake yana mafuta kiasi cha asilimia 4, hana budi kutoa lita 20 au zaidi kidogo ndipo ipatikane kilo moja, kwa maana siagi, kwa kanuni za kimataifa, yapasa kuwa na mafuta ya maziwa yasiyopungua asilimia 80. Kwa mfugaji mwenye ng'ombe mmoja au wawili, lita 20 ni kazi ya siku kadhaa: kukata majani, kuteka maji, kuamka kabla ya jogoo kuwika, na kubeba ndoo hadi barabarani kabla jua halijakuwa kali.

Basi swali tunalotaka kulitazama leo ni hili: kati ya chuchu ya ng'ombe na kisu cha mlaji, nani anayefaidika? Swali hilo huulizwa katika kila nchi inayoendelea ambayo ina wafugaji wengi vijijini na wanunuzi wengi mijini. Sisi tumechagua kulijibu kwa mfano wa India, kwa sababu mbili. Kwanza, India ilitawaliwa na Waingereza kama tulivyotawaliwa sisi, na wafugaji wake, kama wetu, wengi wao ni watu wadogo wenye mnyama mmoja, wawili au watatu. Pili, nchi hiyo ambayo zamani iliagiza siagi na maziwa ya unga kutoka nje, tangu mwaka 1998 imekuwa ya kwanza duniani kwa wingi wa maziwa. Katika mwaka wa 2023-24 ilitoa tani zipatazo milioni 239. Badiliko kubwa namna hiyo halikuja kwa bahati, wala halikuletwa na mvua.

SIAGI YA NYUMBANI NA SIAGI YA DUKANI

Tusidhani kwamba siagi ilipelekwa India na wazungu. Kwa karne nyingi akina mama wa huko wamekuwa wakigandisha maziwa na kuyasuka katika chungu cha udongo, kwa mti unaozungushwa kwa kamba huku na huku, mpaka siagi nyeupe ikaelea juu. Sehemu ndogo ya siagi hiyo huliwa mbichi. Nyingine hutiwa sufuriani na kuchemshwa mpaka maji yote yakauke na machicha yakatuama chini, ikawa samli. Sababu yake ni rahisi kufahamu. Siagi ina maji, na katika nchi ya joto kitu chenye maji huchacha upesi. Samli haina maji, hivyo hukaa miezi mingi bila kuharibika. Wafugaji wetu wa Afrika Mashariki, wanaosuka maziwa katika vibuyu, nao wanaijua hekima hiyo tangu zama za mababu.

Ile siagi ya manjano, yenye chumvi, iliyofungwa katika karatasi au kopo na kupakwa juu ya mkate, hiyo ndiyo iliyokuja na utawala wa kigeni. Walaji wake wa kwanza walikuwa maofisa wa serikali, wanajeshi, abiria wa reli na watu wenye uwezo mijini. Nyingine ililetwa kwa meli kutoka nchi za mbali. Nyingine ilitengenezwa huko huko India, na jina lililojulikana kuliko yote lilikuwa Polson.

Mwenye Polson alikuwa mfanyabiashara wa Bombay aitwaye Pestonji Edulji Dalal. Mwaka 1930 alijenga kiwanda cha siagi katika mji mdogo wa Anand, wilaya ya Kaira, katika eneo ambalo leo ni jimbo la Gujarat. Wilaya hiyo ilikuwa na ardhi nzuri na mifugo mingi, hasa nyati wa kufugwa. Hapa yafaa tueleze kwamba nyati hao si mbogo wa porini tunaomwogopa sisi. Ni mnyama mpole anayependa kulala majini, na maziwa yake ni mazito, yana mafuta asilimia 6 hadi 8. Lita 12 hivi za maziwa yake zaweza kutoa kilo moja ya siagi. Kwa mtu anayetafuta malai, Kaira ilikuwa mgodi wa dhahabu nyeupe.

MGOMO WA SIKU KUMI NA TANO

Mwaka 1945 serikali ya Bombay ilianzisha mpango wa kuupatia mji huo maziwa safi kutoka Anand, umbali wa zaidi ya kilomita 400 kwa reli, na Polson ikapewa haki ya pekee ya kuyakusanya. Maziwa yaliuzwa kwa bei nzuri mjini, lakini mfugaji hakuona nyongeza yoyote. Katikati walisimama wachuuzi wa kampuni, ambao ndio waliopima na kupanga bei. Mfugaji hakuwa na pa kukimbilia: maziwa hayasubiri. Mwenye mahindi aweza kuyaweka ghalani akingoja bei ipande. Mwenye maziwa asipouza asubuhi, jioni ana ndoo ya kitu kilichochacha. Huo ndio udhaifu wa mfugaji popote alipo, na ndio nguvu ya dalali.

Wakulima wakapeleka shauri lao kwa Sardar Vallabhbhai Patel, mmoja wa viongozi wakuu wa kupigania uhuru. Jibu lake halikuwa la kuwaombea bei bora kwa Polson. Aliwaambia wajenge ushirika wao, wakusanye maziwa yao, wayasafishe na kuyauza wao wenyewe. Na kama serikali ikikataa, wasiuze hata tone moja. Akamtuma Morarji Desai, ambaye baadaye alikuwa Waziri Mkuu wa India, kuwakusanya. Mwezi Januari 1946, katika mkutano uliofanyika kijiji cha Samarkha, wakaazimia kufanya hivyo.

Serikali ya kikoloni ikakataa. Wafugaji wakagoma. Kwa siku 15 maziwa yakamwagwa chini, na Bombay haikupata kitu kutoka Kaira. Tufikirie, ndugu wasomaji, uzito wa tendo hilo. Mtu asiye na akiba, anayetegemea fedha ya maziwa kununua chumvi na mafuta ya taa, anayamwaga mbele ya watoto wake kwa sababu jirani yake naye ameyamwaga. Angalikuwa peke yake asingalithubutu. Siku ya 15 ilipopita, serikali ikakubali. Tarehe 14 Desemba 1946 ushirika wa wafugaji wa wilaya ya Kaira ukaandikishwa, chini ya uongozi wa Tribhuvandas Patel, mkulima na mpigania uhuru aliyetembea kwa miguu kijiji hadi kijiji akiwaeleza watu maana ya ushirika.

Mwanzo wenyewe ulikuwa mdogo. Walipoanza kupeleka maziwa Bombay mwaka 1948, walikuwa na vyama viwili tu vya vijiji na lita zipatazo 247 kwa siku. Lakini haba na haba hujaza kibaba.

CHEMA HAKIKUJIUZA

Mwaka 1949 alifika Anand kijana mmoja mhandisi aitwaye Verghese Kurien. Serikali ilikuwa imemsomesha Marekani, na kwa hiyo alilazimika kuitumikia. Hakuipenda Anand wala hakuwa na habari na maziwa. Alikuwa akihesabu siku za kuondoka. Tribhuvandas Patel akamwomba amsaidie kutengeneza mitambo mibovu ya ushirika, na Kurien akabaki hapo mpaka uzee wake. Alifariki mwaka 2012.

Taabu ya kwanza iliyowakabili ilikuwa ya wingi, si ya uhaba. Wakati wa baridi nyati hutoa maziwa mengi kupita ya kiangazi, na Bombay haikuweza kuyanunua yote. Ushirika usiponunua maziwa ya mwanachama wakati wa wingi, mwanachama hurudi kwa dalali. Njia ilikuwa moja: maziwa ya ziada yageuzwe siagi na unga, yahifadhiwe. Mafuta yaende kwenye siagi, na yale maziwa yanayobaki baada ya kuondolewa malai yakaushwe. Wataalamu wa nchi zilizoendelea wakasema kwamba maziwa ya nyati hayawezi kukaushwa kuwa unga, kwani mitambo yote ilikuwa imebuniwa kwa maziwa ya ng'ombe. Mtaalamu wa Anand, Harichand Dalaya, akaonyesha kwamba yawezekana. Kwa msaada wa shirika la UNICEF na serikali ya New Zealand kiwanda kikajengwa, nacho kikafunguliwa na Waziri Mkuu Jawaharlal Nehru tarehe 31 Oktoba 1955.

Siagi ya ushirika ikaitwa Amul, jina lililotokana na neno la Kisanskriti lenye maana ya kitu kisicho na kifani cha thamani. Na hapa pana kisa ambacho mfanyabiashara yeyote angefaa akisikie. Waswahili husema chema chajiuza, kibaya chajitembeza. Siagi ya Amul ilikuwa njema kweli: ilitengenezwa kwa malai mabichi ya siku ile ile. Lakini walaji wa mjini hawakuitaka! Kwa miaka mingi walikuwa wamezoea siagi ya Polson, iliyotokana na malai yaliyokaa mpaka yakachacha, kisha ikatiwa chumvi nyingi. Ladha ile kali kwao ndiyo ilikuwa ladha ya siagi. Tena maziwa ya nyati hayana ile rangi ya manjano ambayo ng'ombe huitoa katika majani anayokula. Hivyo siagi ya Amul ilikuwa nyeupe, na watu wakaiona haina nguvu.

Wakulima wa Anand wangeweza kununa na kuwalaumu walaji kwa ujinga wao. Hawakufanya hivyo. Wakatia chumvi, wakatia rangi ya manjano, nayo siagi ikaanza kuuzika. Aidha serikali, kwa ombi la ushirika, ikaanza kupunguza siagi iliyoagizwa kutoka nje, nao ushirika ukaahidi kwamba pengo halitaonekana madukani. Mwaka 1966 mtangazaji wa biashara, Sylvester daCunha, akawabunia picha ya kitoto cha kike chenye vazi la madoadoa, kinachofanya mzaha juu ya mambo ya siku hizo. Mabango yake bado yanabandikwa barabarani hadi leo, na siagi ya Polson, iliyokuwa mfalme, imekuwa jambo la kumbukumbu.

Somo la kisa hiki ni kwamba ushirika hauuzi kwa sababu ni wa wananchi. Mnunuzi hawezi kula siasa. Anataka siagi anayoipenda, iwe dukani kila siku, kwa bei anayoiweza.

MLIMA WA ULAYA

Sasa tuvuke bahari. Katika miaka ile ile nchi za Soko la Pamoja la Ulaya zilikuwa zikiwahakikishia wakulima wao bei ya juu ya maziwa. Bei ilipopanda, maziwa yakazidi. Walaji wasipoyamaliza, serikali zilinunua siagi na maziwa ya unga na kuyaweka katika maghala ya baridi. Hivyo ukazaliwa ule uliokuja kuitwa mlima wa siagi, ambao katikati ya miaka ya 1980 ulipita tani milioni moja. Kuutunza ni gharama, kuutupa ni aibu mbele ya dunia yenye njaa. Njia iliyobaki ilikuwa kuugawa msaada au kuuuza nje kwa bei ya kutupa.

Msaada wa chakula wataka kutazamwa kwa macho mawili. Kwa mtoto mwenye njaa ni uhai. Lakini siagi ya bure ikimwagwa sokoni kwa bei ya chini, mfugaji wa nchi ile huacha kukamua. Rahisi yavunja upishi. Miaka kumi baadaye msaada unapokatika, ng'ombe hawapo tena, wala vyombo vya kukusanyia maziwa, wala ujuzi.

Kurien na wenzake waliiona hatari hiyo, na badala ya kuukataa msaada, wakaamua kuupanda kama mbegu. Mwezi Oktoba 1964 Waziri Mkuu Lal Bahadur Shastri alikuwa amezuru Anand na kulala kijijini, akataka kujua kwa nini ushirika huu umefanikiwa pale ambapo viwanda vya serikali vilikuwa vikila hasara. Mwaka uliofuata ikaundwa Bodi ya Taifa ya Maendeleo ya Maziwa, yenye makao Anand, ili mfano huo uenezwe nchi nzima. Mwaka 1970 ikaanza Operation Flood, yaani mafuriko ya maziwa. Katika awamu yake ya kwanza India ilipokea, kwa njia ya Shirika la Mpango wa Chakula Duniani, tani 126,000 za maziwa ya unga yaliyoondolewa mafuta na tani 42,000 za mafuta ya siagi.

Bidhaa hizo hazikugawiwa bure. Ziliuzwa kwa viwanda vya maziwa vya miji minne mikubwa, Bombay, Delhi, Calcutta na Madras, kwa bei iliyopangwa isimuumize mfugaji. Viwandani unga na mafuta vilichanganywa na maji vikawa maziwa tena. Fedha iliyopatikana haikuliwa. Ilijenga vyama vya vijiji, mitambo ya kupoza maziwa, magari ya tangi, viwanda vya chakula cha mifugo na huduma za madaktari wa wanyama. Kwa maneno mengine, siagi ya mkulima wa Ulaya ilitumika kumwandalia soko mfugaji wa India, na kila mwaka maziwa ya kijijini yalipoongezeka, haja ya siagi ile ikapungua. Mgeni njoo, mwenyeji apone. Lakini mwenyeji huyu aliweka masharti ya mlango wake.

Mpango uliendelea kwa awamu tatu hadi mwaka 1996. Mwishoni mwa mwaka 1985 palikuwa na vyama vya vijiji 43,000, na ulipomalizika vilifikia 73,000 hivi.

Katika vijiji hivyo utaratibu ulikuwa mmoja. Asubuhi na jioni watu husimama mstari mmoja na vyombo vyao, tajiri na maskini, wa tabaka la juu na wa tabaka la chini, katika nchi ambayo matabaka hayo hayakuzoea kusimama pamoja. Maziwa ya kila mmoja hupimwa wingi na kupimwa mafuta, naye hulipwa kwa kadiri ya malai yaliyomo. Aliyetia maji hujidhulumu mwenyewe. Vyama vya vijiji hufanya umoja wa wilaya wenye kiwanda chake, na umoja wa wilaya hufanya shirikisho la jimbo lenye kazi ya kuuza. Shirikisho la Gujarat, lililoundwa mwaka 1973, ndilo linalouza siagi ya Amul, na wanachama wa vyama vyake leo ni zaidi ya milioni tatu.

KASORO ZAKE

Hatuandiki haya ili tuifanye India pepo ya wafugaji. Tangu miaka ya 1980 wako wasomi na waandishi wa India wenyewe waliouliza maswali magumu. Je, maziwa yakivutwa mjini kwa fedha, mtoto wa kijijini anakunywa nini? Mtu asiye na ardhi atapata wapi majani ya ng'ombe wa kisasa, mwenye tumbo kubwa na afya nyepesi? Aidha, mikono inayokamua kwa sehemu kubwa ni ya wanawake, lakini katika daftari za vyama vingi jina lililoandikwa ni la mume. Na mfano wa Anand haukuota sawasawa kila mahali: katika baadhi ya majimbo wanasiasa na maofisa waliugeuza ushirika kuwa shamba lao, na maziwa mengi ya nchi hata leo hupitia kwa wachuuzi binafsi.

Wala soko lenyewe halikosi adui. Tangu mwaka 1937 kampuni ya Lever ilikuwa ikiuza India mafuta ya mimea yaliyogandishwa kwa jina la Dalda, ambayo yalifanana na samli kwa sura na yalikuwa rahisi kuliko samli. Wachuuzi wasio waaminifu wakayachanganya na samli halisi. Serikali ikaamuru kila kopo la mafuta hayo litiwe kiasi cha mafuta ya ufuta, kwa sababu ufuta hugunduliwa kwa urahisi katika maabara. Hivyo samli iliyochanganywa ikajishtaki yenyewe. Sheria hiyo yapasa kukumbukwa na kila nchi ambayo majarini huuzwa na kuitwa siagi. Majarini ina haki yake sokoni, nayo ni nafuu kwa mwenye kipato kidogo. Lakini mlaji ana haki ya kujua kilichomo katika kopo, na mfugaji ana haki ya kutoibiwa jina la bidhaa yake.

Mwaka 2022 ugonjwa wa mapele ya ngozi ukawashambulia ng'ombe wa India, siagi ikaadimika katika maduka ya miji mingi, na mwaka uliofuata zikasikika sauti za kutaka iagizwe kutoka nje. Wafugaji wakapinga. Kabla ya hapo, mwezi Novemba 2019, serikali ya India ilijitoa katika mapatano makubwa ya biashara ya nchi za Asia na Pasifiki, na miongoni mwa sababu zilizotajwa ni hofu ya siagi na maziwa ya unga ya New Zealand. Miaka zaidi ya 70 baada ya mgomo wa Kaira, neno la mwenye nyati mmoja bado husikika katika mji mkuu, kwa sababu halisemwi na mtu mmoja.

NA SISI JE?

Afrika Mashariki ina hadithi yake. Nchini Kenya viwanda vya siagi vya KCC vilianzishwa mwaka 1925 na walowezi, wakati ambapo Mwafrika alizuiwa kufuga ng'ombe wa kigeni na kuuza maziwa katika soko lile. Hadi katikati ya miaka ya 1950 ndipo mlango ulipoanza kufunguliwa. Baada ya uhuru wakulima wadogo waliingia kwa wingi, na leo ndio wanaotoa sehemu kubwa ya maziwa ya nchi. Hata hivyo, mwishoni mwa miaka ya 1990 KCC ilianguka ikiwa na madeni, na wafugaji wengi wakabaki na karatasi za malipo yasiyolipwa, mpaka serikali ilipoifufua mwaka 2003. Jina la ushirika halikutosha kuwaokoa. Waliokuwa na hisa hawakuwa na usukani.

Nchini Tanzania, katika miaka ya 1970 na 1980, viwanda vya maziwa vya umma vilipokea maziwa ya unga na mafuta ya siagi kutoka kwa shirika lile lile lililoisaidia India. Vitu vilikuwa vile vile, vikachanganywa na maji kwa namna ile ile, na wakazi wa mijini wakapata maziwa. Lakini njia ya kukusanya maziwa kutoka vijijini haikujengwa kwa kasi ya kutosha. Msaada ulipopungua, mitambo ikakosa cha kuchanganya, na katika miaka ya 1990 viwanda hivyo vikaanza kuuzwa kwa watu binafsi. Mtegemea cha nduguye hufa maskini.

Tukiziweka hadithi hizi pamoja, twaona kwamba tofauti haikuwa katika ng'ombe wala katika wema wa wafadhili. Tofauti ilikuwa katika mambo matatu. La kwanza, nani anayepima maziwa na kuandika daftari. La pili, fedha ya siagi inarudi wapi baada ya kuuzwa: inarudi kijijini ikawa tangi la kupozea maziwa na daktari wa mifugo, au inapotelea njiani? La tatu, je, viongozi wa ushirika wanajua kuuza, au wanajua kuhutubia tu?

Nchi zetu zina ng'ombe, na miji yetu inakua. Kila mwaka watu wengi zaidi wanakula mkate asubuhi, na juu ya mkate ule patapakwa kitu: siagi ya mfugaji wetu, siagi ya meli, au mafuta ya michikichi kutoka ng'ambo. Kitakachopakwa kitategemea yale yanayofanyika sasa hivi, saa kumi na moja alfajiri, katika vituo vya kukusanyia maziwa vya vijijini, pale mama anapoinamisha ndoo yake juu ya kipimo. Tukitaka kujua kama biashara ya siagi yetu ina afya, tusiende kwanza kuuliza bei dukani. Twende tukamwulize mama yule kama anaiamini mizani ile, na kama amelipwa ya mwezi uliopita.